Mali bila Daftari: Vichekesho vya Runinga vya Kihispania na Hifadhi Zake Mtandaoni

Utangulizi

Usiku wa kuamkia tarehe 1 Agosti 2020, kipindi cha vichekesho kiitwacho El Chavo del Ocho kilitoweka kwenye runinga za Amerika ya Kilatini. Hakikuwa kipindi kilichokosa watazamaji. Kilikuwa kimeonyeshwa na kurudiwa kwa karibu miaka 50, mabibi wakikitazama pamoja na wajukuu wao. Hakuna serikali iliyokipiga marufuku, wala kanda zake hazikuungua moto. Kampuni ya Televisa ya Mexico, iliyokirekodi, na warithi wa mtunzi wake, Roberto Gómez Bolaños, hawakuafikiana kuhusu haki za kipindi. Mkataba ukaisha, na kipindi kikazimwa katika nchi zote kwa siku moja, kwenye runinga na kwenye huduma za mtandaoni pia. Watazamaji walingoja hadi mwaka 2024 ndipo kikarudi rasmi.

Tukio hili linatuhusu sisi walimu na wanafunzi wa lugha kwa sababu watu wengi hudhani kwamba kitu kikishaingia kwenye intaneti kimekwisha kuhifadhiwa. Historia ya vichekesho vya runinga vya Kihispania inatuonyesha vinginevyo. Katika makala haya tunakusudia kueleza jinsi vichekesho hivyo vilivyopotea, jinsi sehemu yake ilivyookolewa, na ni nani hasa aliyeiokoa. Hoja yetu ni kwamba hifadhi ya kweli inasimama juu ya mafiga matatu: nakala, ruhusa na daftari. Figa la tatu ndilo linalosahaulika zaidi, na ndilo lililo karibu zaidi na kazi yetu.

Kicheko kilichokwenda na hewa

Runinga ilianza katika nchi zinazozungumza Kihispania miaka michache tu baada ya Vita vya Pili vya Dunia. Mexico na Cuba zilianza mwaka 1950, Argentina mwaka 1951, Colombia mwaka 1954, na Hispania yenyewe mwaka 1956. Katika miaka hiyo ya mwanzo vichekesho vilikwenda hewani moja kwa moja. Waigizaji walisimama mbele ya kamera kama wanavyosimama jukwaani, watazamaji wakacheka majumbani, na kipindi kilipokwisha hakikubaki kitu ila kumbukumbu za watu na karatasi za maandishi ya mchezo.

Mfano mzuri ni Yo y tú, kipindi cha Colombia kilichotungwa na Alicia del Carpio, mwanamke mzaliwa wa Hispania. Kilianza mwaka 1956 na kuendelea hadi mwaka 1976. Kwa miaka 20 familia za Bogotá zilikaa Jumapili kukitazama, na waigizaji wengi waliokuja kuwa mashuhuri walianzia hapo. Hata hivyo, sehemu kubwa ya miaka yake ya mwanzo ilikwenda moja kwa moja, na kilichosalia ni kidogo sana kikilinganishwa na kilichoonyeshwa. Mtu anayetaka kujua jinsi watu wa Bogotá walivyotaniana mwishoni mwa miaka ya 1950 ana picha za magazeti na simulizi za wazee, lakini sauti zenyewe zimekwenda.

Kanda ya sumaku ya kurekodia picha ilitolewa na kampuni ya Ampex ya Marekani mwaka 1956. Ilikuwa na upana wa inchi mbili, nzito na ghali, nayo ilikuwa na sifa moja iliyokuwa neema kwa mhasibu na msiba kwa mwanahistoria: iliweza kufutwa na kutumiwa upya. Vituo vingi duniani vilifanya hivyo. Kanda iliyokuwa na kipindi cha wiki iliyopita ilirekodiwa kipindi cha wiki hii. Vichekesho viliathirika mno, kwa kuwa wakuu wa vituo waliviona kuwa mambo ya kupitisha wakati. Nani angetaka kutazama mzaha wa mwaka jana?

Hata kanda ambazo hazikufutwa zina maadui wengine. Joto na unyevu huziozesha. Mashine za kuzichezea zimeacha kutengenezwa, na mafundi wanaozijua wanazeeka. Mwaka 1980 UNESCO ilipitisha pendekezo la kulinda na kuhifadhi picha zinazotembea. Baadaye tarehe 27 Oktoba ikawekwa kuwa Siku ya Urithi wa Sauti na Picha Duniani. Mwaka 2019 shirika hilo, likishirikiana na wataalamu wa hifadhi za sauti, lilitoa tahadhari kwamba kufikia mwaka 2025 ingekuwa vigumu sana kupata mashine na vipuri vya kuzisoma kanda za sumaku. Mwaka huo umekwisha kupita.

Mtoto wa kwenye pipa

Katika mazingira hayo ya kufuta na kupoteza, ilikuwaje El Chavo del Ocho kikasalia? Tueleze kwanza ni kipindi gani. Roberto Gómez Bolaños alizaliwa Mexico mwaka 1929. Alianza kazi akiandika matangazo ya biashara, michezo ya redio na filamu. Mwongozaji mmoja wa filamu alimpachika jina la Chespirito, yaani Shakespeare mdogo, likiwa limetamkwa kwa ulimi wa Kihispania na kuongezewa kiambishi cha udogo. Mwaka 1971, kwenye kituo cha Canal 8 cha mji wa Mexico, alianza kuigiza mtoto yatima anayejificha ndani ya pipa katika ua wa nyumba za kupanga. Bolaños alikuwa na umri wa miaka 42 alipoanza kumwigiza mtoto huyo wa miaka minane.

Neno Ocho, yaani nane, lilitokana na namba ya kituo. Mwaka 1973 kituo hicho kiliungana na mpinzani wake na kuzaliwa Televisa, na kipindi kikahamia Canal 2. Ikabidi namba nane itafutiwe maana nyingine: mtoto ana miaka minane, tena anaishi chumba namba nane. Katika ua huo mna Don Ramón, mpangaji asiye na kazi ya kudumu anayedaiwa kodi ya miezi 14. Mna mwenye nyumba, Señor Barriga, ambaye kila aingiapo hupokewa kwa pigo la bahati mbaya kutoka kwa mtoto. Mna mama mjane anayejiona bora kuliko majirani, na mwalimu anayemletea maua. Mtu yeyote aliyewahi kuishi nyumba ya vyumba vya kupanga yenye ua mmoja atawatambua watu hawa bila kufundishwa Kihispania.

Kipindi kiliendelea kujitegemea hadi Januari 1980, kisha kikawa sehemu ya kipindi kikubwa zaidi cha Bolaños, ambamo mtoto wa kwenye pipa aliigizwa hadi mwaka 1992. Kilichokiokoa ni biashara. Televisa ilianza mapema kuuza kanda zake nje, na kanda inayoweza kuuzwa Chile, Peru au Argentina haifutwi. Kila nchi iliyonunua ilipata nakala, na kila nakala ikawa mbegu iliyopandwa katika shamba lingine. Sehemu zilizotangulia biashara hiyo, hasa za kati ya mwaka 1970 na 1973, ndizo zilizopungua mno.

Tunapaswa kukumbuka pia tetemeko la ardhi la tarehe 19 Septemba 1985 mjini Mexico. Sehemu ya majengo ya Televisa katika barabara ya Chapultepec iliporomoka na wafanyakazi wake wengi wakafa. Mbali na msiba wa watu, tetemeko hilo lilitoa somo ambalo kila mtunza nyaraka analijua: kitu kilichowekwa mahali pamoja kinaweza kufa kwa asubuhi moja.

Kinachohifadhiwa ni usemi

Hapa msomaji anaweza kuuliza: kuna hasara gani kubwa mizaha ya zamani ikipotea? Jibu letu ni la kilugha. Hotuba za viongozi zimeandikwa, na magazeti yamo maktabani. Lugha ya watu wanaogombana kuhusu kodi, wanaobembelezana, wanaokosea methali na kuteleza ulimi haiandikwi na mtu. Vichekesho vya runinga ni miongoni mwa mahali pachache ambapo lugha hiyo ilirekodiwa pamoja na kiimbo chake, ishara za mikono na kimya chake.

Tuchukue mhusika mwingine wa Bolaños, El Chapulín Colorado, yaani panzi mwekundu, shujaa mwoga aliyeanza mwaka 1970. Alikuwa na tabia ya kuanza methali moja na kuimalizia kwa nyingine, halafu akazidi kupotea, mwishowe akasema kwamba wazo lenyewe ndilo hilo. Ni kama mtu aseme kwa Kiswahili, “Haba na haba haina baraka,” kisha ajirekebishe, “La, haraka haraka hujaza kibaba.” Mzaha huu una thamani kubwa kwa mwalimu wa lugha. Ili ucheke, lazima uwe na methali zote mbili kichwani. Kwa hiyo kila mzaha wa namna hiyo ni ushahidi kwamba methali fulani zilijulikana na watu wa kawaida katika mwaka fulani. Kamusi ya methali inatuambia kwamba methali ipo. Kichekesho kinatuambia kwamba watu waliijua kiasi cha kuicheka ilipoharibika.

Nchini Argentina alikuwapo Alberto Olmedo, aliyefariki mwaka 1988. Kipindi chake cha No toca botón kilionyeshwa kati ya mwaka 1981 na 1987. Olmedo alisifika kwa kuacha maandishi na kusema lililomjia, hata kuzungumza na wapiga kamera na kuwachekesha waigizaji wenzake hadi washindwe kuendelea. Mtu akihifadhi karatasi za maandishi ya kipindi hicho na kuziacha kanda, atakuwa amehifadhi yale ambayo Olmedo hakuyasema.

Colombia ilikuwa na Don Chinche, kati ya mwaka 1982 na 1989, kilichoongozwa na Pepe Sánchez. Kipindi hicho kiliondoka studio na kupigwa picha katika mitaa ya watu wa kawaida ya Bogotá, ambako wahamiaji kutoka mikoa mbalimbali walikutana na kila mmoja akazungumza kwa lafudhi ya kwao. Kwa mtafiti wa lahaja za Colombia za miaka ya 1980, hiyo ni hazina.

Mfano wa nne uko Marekani. Kituo cha umma cha WPBT cha Miami kilitengeneza ¿Qué Pasa, U.S.A.? kati ya mwaka 1977 na 1980, jumla ya vipindi 39. Ni hadithi ya familia ya wahamiaji kutoka Cuba: babu na bibi wanazungumza Kihispania, wajukuu wanapenda Kiingereza, na wazazi wako katikati wakichanganya. Hakukuwa na tafsiri chini ya picha. Mtazamaji alitakiwa afuate lugha mbili kwa pamoja kama familia yenyewe ilivyofanya. Wanafunzi wetu wanaosoma kuhusu kuchanganya msimbo, na wanaoisikia kila siku katika Kiswahili cha miji yetu, wangefaidika kuona jinsi jambo hilo lilivyoonyeshwa kwenye runinga bila kuomba radhi zaidi ya miaka 40 iliyopita.

Wahifadhi wa sebuleni

Mwaka 1976 ilitoka Japani kanda ya VHS, na katika miaka ya 1980 mashine zake zikaingia katika nyumba nyingi za Amerika ya Kilatini. Kwa mara ya kwanza mtazamaji aliweza kubaki na kipindi. Watu walirekodi kwa sababu zao ndogo: mtoto alikuwa shuleni, baba alikuwa kazini, au mtu alitaka kucheka tena Jumapili. Hawakujiita wahifadhi. Lakini kituo kilipofuta, kanda ya sebuleni ilibaki.

YouTube ilipofunguliwa mwaka 2005, kanda hizo zilianza kutoka kabatini. Picha zilikuwa na mikwaruzo, rangi zimefifia, na mara nyingine tangazo la sabuni la mwaka 1984 limebaki katikati. Kwa mtafiti hata tangazo hilo ni faida, maana linasaidia kujua mwaka wa kurekodi. Mashabiki wakaanza kulinganisha nakala. Kwa kuwa Bolaños alikuwa na desturi ya kuigiza upya maandishi yaleyale baada ya miaka michache, iliwabidi wapambanue toleo moja na jingine kwa kutazama mavazi, mandhari na waigizaji waliokuwapo. Kwa mfano, Carlos Villagrán, aliyeigiza mtoto wa yule mjane, aliondoka mwaka 1978, na Ramón Valdés, aliyeigiza Don Ramón, alimfuata mwaka 1979. Kutokuwapo kwao kunasaidia kuupata mwaka. Hiyo ni kazi ileile anayoifanya mhakiki wa miswada ya kale anapolinganisha hati mbili za utenzi mmoja.

Brazili inatupa mfano wa pekee, ingawa lugha yake ni Kireno. Kituo cha SBT kilianza kuonyesha vichekesho vya Bolaños kwa sauti za Kireno mwaka 1984. Baada ya miaka kadhaa sehemu nyingi ziliacha kuonyeshwa, na watazamaji wakaziita zilizopotea. Walitunza orodha zao, wakakumbushana, wakakiandikia kituo. Mwanzoni mwa miaka ya 2010 SBT ilitoa ghalani sehemu kadhaa kati ya hizo na kuzirudisha hewani. Mashabiki waliweza kudai kwa sababu walijua wanachokidai. Walikuwa na daftari.

Venezuela nayo ilikuwa na Radio Rochela, kipindi cha mizaha ya kisiasa na kijamii kilichoanza mwaka 1959 katika kituo cha RCTV. Kiliwachekesha Wavenezuela kwa takribani nusu karne, kikiwaiga marais wa kila chama. Mwezi Mei 2007 serikali ya Hugo Chávez ilikataa kuongeza muda wa leseni ya RCTV, na kituo kikahamia kwenye kebo hadi mwaka 2010. Kipindi kikafa pamoja nacho. Tangu hapo, Mvenezuela aliye nyumbani au ughaibuni anayetaka kuwaonyesha watoto wake mizaha hiyo hutegemea sana vipande vilivyopandishwa mtandaoni na watu binafsi.

Ghala za umma

Hatupaswi kuwasahau wenye dhamana rasmi. Shirika la utangazaji la Hispania, RTVE, lilianza mwaka 2008 kuweka vipindi vyake mtandaoni kwa mpango maalumu, pamoja na vingi vya zamani, na mwaka 2021 likaunda huduma mpya ya RTVE Play. Miongoni mwa urithi wake ni Historia de la frivolidad ya mwaka 1967, iliyotungwa na Narciso Ibáñez Serrador na Jaime de Armiñán. Ndani yake mama mmoja mkali anatoa mhadhara dhidi ya upuuzi na uchi, na kila anapoeleza jinsi binadamu walivyofunikwa tangu zama za kale, watazamaji wanaucheka udhibiti wenyewe. Wakati huo Hispania ilikuwa chini ya Jenerali Franco. Kipindi kilionyeshwa usiku sana, bila mbwembwe, kisha kikapelekwa kwenye mashindano ya nje na kushinda tuzo kubwa ya Montreux. Utawala uliokionea haya nyumbani ulijivunia ushindi wake ugenini.

Colombia ilifunga shirika lake la zamani la utangazaji, Inravisión, mwaka 2004 na kuunda RTVC. Shirika hilo jipya lina kitengo kiitwacho Señal Memoria, chenye kazi ya kusafisha, kunakili kidijitali na kueleza kanda za redio na runinga ya taifa. Argentina ilifungua Archivo Prisma, tovuti ya kumbukumbu za redio na runinga ya umma, katika miaka ya 2010. Hizi ni kazi za kupongezwa. Ubora wake juu ya kanda ya sebuleni ni kwamba mtumiaji huelezwa anachokitazama: jina, mwaka, waliohusika.

Hata hivyo, ghala la umma nalo hutegemea upepo wa siasa. Mwezi Mei 2024 serikali ya Argentina ilisimamisha tovuti na kurasa za mtandaoni za vyombo vya habari vya umma, ikieleza kwamba vinapangwa upya. Msomaji aliyezoea kubofya na kupata alikuta mlango umefungwa. Dirisha la serikali hufungwa na serikali, na dirisha la kampuni hufungwa na kampuni.

Ruhusa na daftari

Tumekwisha kuzungumzia nakala. Figa la pili, ruhusa, ndilo lililoanguka mwaka 2020. Katika kichekesho kimoja mna haki za mtunzi wa maandishi, za mwenye wahusika, za kituo kilichorekodi, za waigizaji na za mwenye muziki. Hao wakikubaliana, kipindi kinaonekana. Mmoja akikataa, nakala inaweza kuwa salama kabisa ghalani lakini hakuna anayeiona. Kwa miaka minne mtoto wa kwenye pipa alikuwa katika hali hiyo. Wakati huo watu waliendelea kutazama nakala zisizo rasmi, ambazo huweza kuondolewa wakati wowote mwenye haki akilalamika.

Ruhusa pia huweza kuingiliwa na mahakama. Mwaka 1992 mchekeshaji wa Argentina Tato Bores alitayarisha kipindi kilichomtaja jaji María Servini de Cubría. Jaji huyo alifungua kesi, na mahakama ya rufaa ikaamuru sehemu inayomhusu isionyeshwe. Wasanii na waandishi wa habari mashuhuri walikusanyika katika kipindi kilichofuata na kuimba kwa pamoja wimbo wa kumsifu jaji mwenye jina la kubuni, ambalo kila mtazamaji alilielewa. Mwezi Septemba mwaka huohuo Mahakama Kuu ya nchi ilitengua amri ile. Huyo huyo Bores, mwanzoni mwa miaka ya 1990, aliigiza mtaalamu wa mambo ya kale wa Kijerumani wa mwaka 2492 anayechunguza kama kweli iliwahi kuwapo nchi iitwayo Argentina. Ulikuwa mzaha wa kisiasa, lakini kila mtunza kumbukumbu anayeuona lazima awaze: mtaalamu huyo angekuta nini?

Jibu linategemea figa la tatu. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Video iliyopandishwa kwa jina la “kichekesho cha zamani, sehemu ya 3” ipo, lakini haipatikani. Mwaka haujulikani, mhusika hatajwi, na maneno yaliyosemwa hayawezi kutafutwa. Ikiondolewa kesho, hakuna atakayejua ni nini kilichoondoka. Daftari linalofaa huandika jina la kipindi, tarehe ya kuonyeshwa, kituo, watunzi na wasemaji, mada, lahaja inayotumika, mwenye haki, na mahali nakala zilipo. Likiongezwa nukuu ya mazungumzo neno kwa neno, kichekesho kinageuka kuwa data ya lugha. Kazi hiyo haihitaji mashine ghali. Inahitaji masikio mazuri, subira na ujuzi wa lugha.

Hitimisho

Kwa nini tumewapeleka wasomaji wetu Mexico na Argentina? Kwa sababu njia waliyopita wenzetu ndiyo tuliyomo. Sisi tunaofundisha Kiswahili nje ya pwani, ambako wanafunzi wengi hukipata darasani zaidi kuliko jikoni kwa mama, tumetegemea sana vichekesho ili waisikie lugha ikitembea. Vioja Mahakamani na Vitimbi vilianza zama za Sauti ya Kenya, kabla ya chombo hicho kuwa KBC mwaka 1989. Redio Tanzania Dar es Salaam ilikuwa na Pwagu na Pwaguzi, wakati Tanzania Bara haikuwa na runinga hadi mwaka 1994. Benson Wanjau, aliyejulikana na wengi kama Mzee Ojwang, alifariki mwaka 2015. Kiswahili chake chenye lafudhi ya Kijaluo kiliwafundisha wasikilizaji wengi kuhusu lafudhi kuliko sura nzima ya kitabu cha isimujamii.

Tunapendekeza mambo mawili yaliyo ndani ya uwezo wa idara. Kwanza, kila mwaka wanafunzi wa somo la isimujamii wapewe kipindi kimoja cha vichekesho vya Kiswahili, wakinukuu neno kwa neno na kukijazia maelezo tuliyoyataja, na kazi hizo ziwekwe maktabani badala ya kutupwa baada ya kusahihishwa. Pili, yeyote mwenye kanda za kaseti au za video za vipindi vya zamani vya Kiswahili nyumbani kwake aijulishe idara, hata kama ni kanda moja, na hata kama haijui ina nini. Tutaandika kwanza kwamba ipo na iko kwa nani. Kuinakili kutafuata kadiri vifaa vitakavyopatikana, na ruhusa itaombwa kwa wenye haki.

Wabrazili walizirudisha hewani sehemu walizozipenda kwa sababu kulikuwa na watu waliojua idadi yake na majina yake. Sisi bado hatuna orodha ya vipindi vya Vitimbi tunavyovitumia darasani. Orodha hiyo inaweza kuanza muhula huu.